Vipande Ishirini vya Wimbo Mmoja

Mlionipigia simu wiki nzima mkiuliza kama ule mkanda ulikatika kweli: ndiyo, ulikatika. Na ungeishia kukatika tu, Thurman Quintard angeondoka pale na suti yake nyeupe bila doa.

Uliyekuwa safarini, shika haya haraka. Tuko Memphis, saa tano asubuhi, ndani ya studio iliyokuwa duka la matairi kabla haijapata heshima. Wageni sitini wamebanana kwenye viti vya kukodi: waandishi wa habari, wakubwa wa kampuni ya santuri waliopanda ndege kutoka New York, na waumini wa kanisa la marehemu Rosetta Hollins waliofuata kambare wa kukaanga. Wameitwa kushuhudia albamu yake ya mwaka 1974, *Mlango wa Nyuma*, ikitolewa kwenye mkanda wake wa asili ili isafishwe upya.

Wimbo uliobeba jina la albamu una dakika saba. Quintard, prodyuza wake, ameuhubiri miaka hamsini kwamba uliimbwa mara moja tu, mwanzo hadi mwisho, bila kukatwa wala kuungwa mahali. Kasema redioni. Kasema kitabuni. Kasema hadi kwenye mazishi ya Rosetta, jeneza likiwa wazi.

Sasa mkanda uko kwenye mashine, mbele ya macho ya watu sitini, na umeachia. Ncha moja inaning'inia kama ulimi.

"Usiuguse, mzee," alisema Dexter Moye.

Dexter ndiye fundi aliyepewa kazi ya kuisafisha albamu, mtu wa miaka arobaini na kitu, mpole, wa kuvaa soksi zinazolingana. "Ni gundi imekufa tu. Mkanda ukiwa bado umejizungusha kwenye gurudumu lake, najua kipi kinafuata kipi. Naunga, tunaendelea."

"Gundi ya nini?" aliuliza Quintard.

"Ya kwenye kiungo."

"Hakuna kiungo humu."

"Mzee, kimeachia hapa mbele yetu."

"Mashine yako mbovu ndiyo iliyoachia."

Dexter alirudisha mikono mfukoni. Alikuwa ameomba siku tatu nzima aukague mkanda kabla ya wageni, kiungo kwa kiungo, kama fundi yeyote anavyofanya na mkanda wa zamani. Akakataliwa. Angekubaliwaje? Wimbo ulioimbwa mara moja hauna viungo vya kukagua. Mzee alijifungia nje kwa uongo wake mwenyewe, na ufunguo akaumeza.

Kule nyuma kabisa, kiti cha mwisho karibu na makoti, Ardelia Crutcher alikuwa anachambua miba ya kambare kwenye sahani ya karatasi. Mnamkumbuka. Ndiye yule ambaye Quintard alimtambulisha asubuhi ile kwa kumpungia vidole viwili: "Na kule nyuma, msichana wetu wa kahawa." Msichana mwenyewe ana miaka sabini na mitatu na goti la chuma.

Aliona mzee akiinuka, na moyoni akajisemea: atavuta. Mjinga huyu atavuta.

Quintard aliifikia mashine akiwa na miwani ya jua, ndani ya chumba kisicho na dirisha. Akaishika ile ncha, akawageukia wageni.

"Tazameni wenyewe. Mzima kama ulivyozaliwa."

Akavuta.

Kilitoka kipande cha kwanza, kirefu kuliko chumba, kikaanguka. Kikafuata cha pili. Cha tatu kilikuwa na urefu wa mkono tu. Gurudumu likashika kasi likaanza kutapika lenyewe, kipande juu ya kipande, kila kiungo kikiachia kwa zamu yake, na mzee katikati kama mtu wa mazingaombwe kwenye sherehe ya watoto, anayechomoa leso mfukoni na hajui zinaishia wapi.

Mwenye akili angeacha pale pale. Quintard aliinama, akavikumbatia vyote kwa mikono miwili ili visionekane, akavikoroga kama tambi.

"Thurman," ilisema sauti kutoka safu ya mbele, "hiyo mara moja yako mbona ina watoto wengi hivyo?"

Kanisa zima likacheka. Alikuwa Juanelle Tibbs, dada yake Rosetta, kofia ya zambarau kichwani pana kama sinia, mkoba mapajani. Enzi zile aliitikia kwenye kwaya ya albamu, na mchana alikuwa na saluni yake mtaa wa Orange Mound. Nusu ya wanamuziki wa Memphis walinyolewa na Juanelle, na nusu nyingine walisemwa naye.

Pembeni yake alikaa Bi Imogene, mke wa Quintard, lulu shingoni, kofia ya mumewe mapajani. Tangu asubuhi hakuwa amefungua mdomo. Mkeo akikushikia kofia miaka hamsini na mitano bila neno, ungetakiwa uingiwe na wasiwasi, lakini Quintard hakuwahi kuwa mtu wa kuona mambo.

Mkuu wa kampuni, mama aliyetoka New York, alisimama. "Dexter, vinaungika?"

"Vingekuwa kwenye gurudumu, dakika ishirini. Sasa vimechanganyika. Havina namba. Na nikikisia, naweza kuuharibu mkanda pekee uliopo." Dexter alipangusa jasho. "Aliyevikata ndiye anayejua."

"Nani alivikata?"

Macho yote yakamwendea Quintard. Alivua miwani, akaifuta, akaivaa tena.

"Kulikuwa na fundi mmoja wa zamani," alisema. "Tulimwachia vijikazi vidogo vidogo. Amekufa, maskini."

"Nimekufa lini, Thurman?"

Vichwa sitini viligeuka. Ardelia alikuwa anajifuta vidole kimoja kimoja, taratibu, kama mtu ambaye basi lake bado.

"Maana ningejua," aliendelea, "nisingehangaika kupiga pasi gauni."

"Usimsikilize," Quintard alisema. "Huyu alikuwa wa kahawa."

"Nilipika pia kahawa. Wewe ulikuwa huwezi hata hiyo."

Alishuka kati ya viti akiburuta goti lake. Juanelle alimpokea mkono alipopita, akamfinya vidole. "Mwambie, dada. Mwambie wote wasikie."

Ardelia aliinama, akaokota kipande kimoja, akakinyanyua juu ya taa.

"Dexter, mwanangu, njoo uone. Mkanda ukikatwa kwa mkono wa kulia, mkato unalala upande gani?"

"Huku."

"Na huu?"

Dexter aliusogeza karibu na pua. "Umelala kinyume."

"Mimi ni wa shoto. Kile kibao cha chuma cha kukatia kilipotea wiki ya kwanza, nikatumia mkasi wa mama yangu. Mama alikuwa anashona magauni ya kwaya. Ukitaka mikono miwili ya gauni ilingane, unalaza kitambaa juu ya kitambaa unakata mara moja. Na mimi nililaza mkanda juu ya mkanda. Kila kiungo nimekikata pande zote mbili kwa pigo moja. Kwa hiyo kila kipande kina mwenzake mmoja tu duniani, na mimi nawajua kwa sura."

Waandishi wakaanza kuandika. Quintard akaanza kutafuta pa kukaa.

"Nitavipanga," alisema Ardelia. "Lakini kwanza useme."

"Niseme nini?"

"Ulichowaficha watu tangu mwaka sabini na nne."

"Hayo ni ya zamani."

"Na mkanda ni wa zamani. Nenda ukaupange."

Mama wa New York hakuwa na muda wa kupoteza. "Bwana Quintard, sema anachotaka useme."

Quintard alivuta pumzi kama anayenyweshwa dawa chungu. "Sawa. Uliimbwa siku nne. Yeye akachagua, akakata, akaunga. Mmeridhika?" Waandishi waliendelea kuandika, na hilo likampandisha hasira. "Lakini kama leo ni siku ya ukweli, tuuseme wote. Alikata kwa mkasi mchafu. Ile 'tk' ya dakika ya sita ni uchafu wake. Nilimfukuza kwa hiyo, na ningemfukuza tena."

Hapa lazima nisimame kidogo. Mkasi ukishika sumaku huacha alama kwenye kiungo, na mkanda ukipita hapo unasikia mlio mdogo, kama ukucha ukigonga glasi. Kwenye studio zile, kuambiwa mkasi wako una sumaku ilikuwa kama mpishi kuambiwa ana mende. Ardelia aliambiwa hivyo mbele za watu. Milango ikafungwa mmoja baada ya mwingine, naye akaenda kubadilisha zipu kwenye duka la dobi la Lamar Avenue miaka thelathini na mmoja.

Na ile "tk" yenyewe? Ikawa maarufu. Wapenzi wa muziki wakaipenda kuliko kiitikio. Quintard alipoona hivyo akaipa hadithi: ni pete ya Rosetta iliyogonga stendi ya maikrofoni roho ilipomshukia. Huko ng'ambo kuna watu wazima wamejichora pete hiyo mgongoni.

Mwandishi mmoja aliinua kalamu. "Samahani, mzee. Kitabuni, ukurasa wa tisini, 'tk' ni pete."

"Ni pete," alisema Quintard.

"Sasa hivi umesema ni mkasi."

"Ni vyote viwili."

Kicheko kilianzia nyuma kikaja kama mvua juu ya bati. Hata wakubwa wa New York waliangalia viatu vyao mabega yakitikisika.

Ardelia hakucheka. Hao wengine wote walimwona Quintard akivuliwa nguo, lakini yeye ile "tk" ilikuwa imemkaa kifuani miaka hamsini. Hakuwahi kuisikiliza santuri ile. Ikipigwa dukani, alitoka. Kwenye arusi ya binti yake mwenyewe alimwomba mpiga muziki airuke. Enzi zile, kila asubuhi alikuwa akiupitisha mkasi wake kwenye kifaa cha kuua sumaku, kama mtu anayepiga mswaki, na bado kiungo kimoja kilimponyoka. Kimoja. Alimdharau Quintard toka utosini hadi kwenye viatu vyake vya ngozi ya mamba, lakini katika hilo moja alikuwa amekubali kwamba mzee alisema kweli. Na kukubaliana na mtu wa namna ile kunauma kuliko kufukuzwa.

"Nileteeni meza," alisema. "Na mtu amtoe huyu kwenye mwanga wangu."

Alivua saa, akavuta kiti. Dexter alimshikia taa. Ncha ziliwekwa juu ya meza, mikia ikaachwa ilale sakafuni, na waumini wakakatazwa kupita na chai ya barafu.

"Niliacha vipande kumi na tisa," alisema hata kabla hajagusa. "Hicho ndicho cha mwanzo. Ule mpasuko mdogo pale, mtoto wa jirani alipiga baragumu nikashtuka."

Vidole vyake vilikuwa vimepinda kwa uzee, lakini vilipougusa mkanda vilinyooka. Ncha kwa ncha. Hii ina tumbo, yake ina shimo. Hii imechongoka, mwenzake huyu hapa. Dexter aliunga nyuma yake kwa gundi mpya, mkanda ukipanda tena kwenye gurudumu, na chumba kilikuwa kimya kiasi cha kumsikia Quintard akitafuna barafu.

"Kumi na saba," alihesabu Dexter. "Kumi na nane. Kumi na tisa."

Mezani kilibaki kipande kimoja.

Ardelia alikitazama kama mtu anavyotazama kiatu kisicho chake mlangoni kwake.

"Ishirini," alisema Dexter taratibu. "Bi Ardelia, una uhakika na kumi na tisa?"

"Ninavyojua idadi ya watoto wangu."

Alirudi kwenye ncha zilizobaki, akazipapasa. Mwanzo wa kipande kile ulikuwa wa mkono wa kulia. Na mwisho wa kilichotangulia, ambacho yeye alikiacha kirefu, nao ulikuwa wa kulia. Pande hizo mbili hazikutazamana vizuri. Zilikatwa kila moja peke yake, kwa haraka, na mtu aliyeona kazi ikifanywa lakini hakuifanya.

"Mtu alipasua kipande changu," alisema. "Akatoa cha katikati, akaziunga ncha. Dexter, ile 'tk' iko wapi hasa?"

Dexter alikuwa na nakala ya santuri kwenye kompyuta. Akaitafuta, akapima, akarudi kuupima mkanda. Alipima mara mbili. Aliponyanyua uso alikuwa amebadilika.

"Iko hapo hapo," alisema. "Kwenye kiungo hicho. Vyako vyote kumi na nane ni safi, Bi Ardelia. Hakuna hata kimoja chenye mlio."

Mtu mmoja nyuma alisema "Bwana asifiwe" kwa sauti ndogo, akanyamazishwa.

Kisha Ardelia aligeuka. "Nionyeshe mkono unaoandikia, Thurman."

Quintard alikuwa amerudi nyuma hadi ukutani. "Si mimi. Wiki ile nilikuwa Chicago. Na mimi na mkasi wapi na wapi, Ardelia, kucha zangu mwenyewe hukatwa na Imogene."

Ardelia alimwamini. Hakumwamini kwa ukweli wake, maana ukweli na Thurman walikuwa hawajawahi kusalimiana. Alimwamini kwa uvivu wake. Kazi ya mikono ilikuwa haimjui.

"Basi nani?" aliuliza mama wa New York.

"Mkasi uliolala karibu na mota," alisema Dexter, akifikiri kwa sauti. "Ndivyo unavyoshika sumaku. Mashine ya kunyolea nywele, kwa mfano. Mtu mwenye mkasi na mashine ya kunyolea kwenye droo moja."

Ardelia aligeuka polepole sana.

Safu ya mbele, Juanelle Tibbs alikuwa anavua glavu zake nyeupe. Aliivua ya kushoto. Akaivua ya kulia. Uso chini ya kofia ya zambarau ulikuwa hauna mzaha hata chembe.

"Juanelle," alisema Ardelia.

"Ulinifundisha mwenyewe. Nilikaa pembeni yako wiki nzima, nikakushikia gundi."

"Nilifukuzwa."

"Najua."

"Ulikuja kwangu jioni ile na pai ya viazi vitamu. Ukaja na nyingine Krismasi. Kila Krismasi, Juanelle, miaka hamsini. Nikawaambia watoto wangu, mnamwona yule, yule ndiye rafiki." Ardelia alicheka kidogo, kicheko kikavu kisicho na furaha ndani yake. "Kumbe nilikuwa nakula hongo."

"Nilikuwa nimechumbiwa na shemasi. Ungejua Rosetta aliniweka wapi kwenye wimbo ule..."

"Najua alikuweka wapi. Nilikuacha pale mimi. Ndio uliokuwa mstari mtamu kuliko yote."

Na hapo Ardelia alikumbuka vizuri kilichokuwa katikati ya kipande kile. Sekunde tisa. Rosetta alikuwa ameacha kuimba, akazungumza, kama mtu anayesemeshana na mwenzake jikoni. Dunia nzima imeimba habari za mwanamke anayeingia nyumba ya watu kwa mlango wa nyuma, na dunia nzima imedhani mwanamke huyo ni Rosetta. Kanisa lilimtenga kwa wimbo ule. Alikufa ametengwa.

Juanelle alifungua mkoba. Akatoa kopo la poda, la zamani, maua yamefutika. Ndani yake, umejikunja kama nyoka mdogo wa kahawia, kulikuwa na mkanda.

"Nilikuja nacho nimpe Dexter kimyakimya. Nikakuona umekaa na makoti, nikashindwa kunyanyuka." Aliliweka kopo mezani. "Kichome au kiunge. Ni chako."

Waumini walikuwa wamesimama wote ili waone. Kumbukeni hawa ndio waliomchagua Juanelle mama wa kanisa miaka ishirini mfululizo.

Ardelia alikichukua kipande, akazilinganisha ncha zake na zile mbili za mkono wa kulia. Ziliingiana. Jina lake lilikuwa limesafishwa mezani pale, na ushahidi ukiwa mkononi. Lakini ushahidi usiosikika ni uzi tu. Bila zile sekunde tisa, kesho Quintard angeandika kitabu kingine.

Alimtazama Juanelle kwa muda mrefu. Kulikuwa na dharau kwenye macho yale, na safari hii haikumwendea Thurman.

"Rosetta alikubebea hiyo hadi kaburini," alisema. "Dexter, kiweke kwenye mashine."

Dexter alikiweka. Kibonyezo kilishuka. Kwanza ulikuja mvumo, kisha pumzi, kisha sauti ya mtu aliyekufa miaka kumi na mmoja iliyopita, karibu kana kwamba amesimama mlangoni.

"*Juanelle, unanisikia? Huu wimbo ni wako. Wako wewe na...*"

Hapo Thurman Quintard, mzee wa miaka themanini na mmoja, aliyeshuka gari asubuhi ile kwa kushikwa makwapa, aliruka. Alivuka viti viwili, akapiga goti ukutani, akaung'oa waya wa umeme kwa mikono yote miwili.

Mashine ikanyamaza. Yeye akabaki pale chini, waya mkononi, miwani imening'inia sikio moja, akihema.

"Thurman," alisema Ardelia, taratibu kabisa, "jina lako halimo humo. Nilikata mimi, najua. Anasema, 'wako wewe na mlango wako.' Basi. Hakumtaja mtu yeyote."

Ilichukua muda kidogo kuingia vichwani. Iliwaingia waandishi kwanza, kalamu zikasimama. Ikawaingia waumini, safu kwa safu. Juanelle alifumba macho. Mzee alijitazama akiwa na ule waya, akauficha nyuma ya mgongo.

Kwenye safu ya mbele, Bi Imogene aliichukua kofia ya mumewe, akaiweka sakafuni kwa uangalifu, akasimama na kuinyoosha sketi yake.

"Mwaka ule," alisema, na wengi hawakuwahi kuijua sauti yake, "mlango wetu wa nyuma haukufungwa kwa ufunguo hata usiku mmoja. Uliniambia uachwe wazi kwa ajili ya paka."

Alimpita mumewe bila kumtazama, akasimama mbele ya Juanelle.

"Mimi paka sikumwona hata siku moja," alisema. Kisha akamnyooshea Dexter mkono. "Chomeka tena huo waya, mwanangu. Nataka uanze mwanzo, na huyu dada anieleze kila mstari."